Tapwi ni mtu kuanguka kwenye tope. Tope likimwangukia mtu je?

Tuliosoma Kiswahili cha shule ya msingi tunakikumbuka kile kipengele cha tanakali za sauti, na wenzetu wa Kenya enzi za KCPE, ule mtihani wa kumaliza shule ya msingi, ndio walikalishwa nacho kabisa: anguka chini pu, anguka majini chubwi, anguka mchangani tifu, anguka matopeni tapwi. Unakariri, unajaza nafasi, unapata tiki yako, maisha yanaendelea. Ukifika sekondari vinageuka vitu vya kitoto, ukiandika "pu" kwenye insha mwalimu anaizungushia wino mwekundu.

Mi hiyo orodha niliikumbuka tena Desemba 2023, wiki ile ya Hanang. Kwa waliosahau, mvua ilipiga usiku wa kuamkia Jumapili ya tarehe 3, mlima Hanang, huko Manyara, ukameguka, tope na mawe na magogo vikashuka mpaka Katesh, Gendabi, Jorodom, watu 89 wakafa. Wataalamu walieleza kwamba kuna sehemu ya mlima yenye miamba laini, ikanyonya maji mpaka ikazidiwa. Nilikuwa nasikiliza redio siku nzima, naruka toka stesheni hadi stesheni, na kitu kimoja kikawa kinanisumbua nisikijue jina. Manusura anaanza vizuri tu, tulikuwa tumelala, mvua ilikuwa inanyesha, halafu akifika pale penyewe anaacha maneno, unasikia pumzi, unasikia mdomo unafanya vuuu au gugugu, unajua kabisa hapo mikono nayo inafanya kazi ingawa humuoni. Taarifa ya habari ya saa mbili usiku ikija, yote yale yamekuwa "kishindo kikubwa".

Hapo ndo nikakumbuka tapwi. Lugha yetu inayo sauti ya mtu kuanguka kwenye tope, na ukiichunguza ni sauti ya kichekesho, ni mama mwenye ndoo kichwani kateleza masika, kakaa chini, watu wanacheka, ujazo wa tope ni wa makalio ya mtu mmoja basi. Sauti ya tope lenyewe kumwangukia mtu hatuna. Haimo kwenye orodha, hakuna mtoto aliyewahi kuijazia nafasi. Na sio kwamba Waswahili hawajawahi kuporomokewa na milima, Lushoto wapo, Uluguru wapo, Same wapo. Ni kwamba wanaoijua hiyo sauti huwa wanaitoa kwa mdomo halafu kuna mtu mahali fulani anaifuta kabla haijatufikia.

Huyo mtu anayefuta ndiye ninayetaka kumsema leo, na mara nyingi ni sisi wenyewe, sisi tunaoandika, kuhariri, kutafsiri na kusoma taarifa. Tumeamini kwamba sauti ni pambo, kwamba habari yenyewe ni idadi ya waliofariki na jina la waziri aliyetembelea eneo la tukio, na kwamba mtu akisema "guuu" bado hajasema kitu. Mi naona kinyume. Kwenye maafa sauti ndiyo taarifa ya kwanza na mara nyingine ndiyo taarifa pekee mtu anayoipata kabla ya kufikiwa, kwa hiyo ukiitoa kwenye masimulizi umetoa kile ambacho jirani wa kijiji kingine angekihitaji siku yake ikifika.

Angalia hili la kishindo. Kishindo ni mara moja, kitu kimeanguka tii, kimekwisha. Sasa tope la mlimani haliji hivyo hata kidogo. Linakuja na mawe makubwa yanayogongana ndani ya tope, kwa hiyo kunakuwa na mngurumo mzito wa chini, mwingine unausikia kwa nyayo kabla ya masikio, na unaendelea kukua, haukatiki, kwa sababu chenye kunguruma kinakusogelea. Uswisi na Japani wana mabonde ambayo wamefunga vifaa ardhini kazi yake ni kusikiliza tu huo mtetemo, vikiusikia vinapiga king'ora watu watoke. Yaani wenzetu wamelipia hela nyingi kupata mashine inayosikia kile ambacho bibi wa Jorodom alikisikia bure, tofauti ni kwamba mashine ikisema "gugugu" inaaminika. Ukiandika "kishindo kikubwa" umemwambia msomaji asubiri mlio mmoja wa ghafla, atasikia mngurumo unaokua polepole atasema hilo ni lori linapanda kona, ataendelea kulala.

Na kuna kinyume chake ambacho kinatisha zaidi. Wanaoishi kwenye mabonde wanashauriwa hivi: mto uliokuwa unavuma ukinyamaza ghafla na mvua bado inanyesha, kimbia, kwa sababu huko juu kuna kitu kimeziba na maji yanajikusanya. Kimya kingi kina mshindo mkuu. Sidhani wazee waliosema hivyo walikuwa wanawaza mito, walikuwa wanawaza watu wapole wanaoficha hasira, ila ukiipeleka hiyo methali bondeni inafanya kazi neno kwa neno.

Mai Mahiu ni mfano mzuri wa jinsi jina linavyoweza kupoteza hilo. Alfajiri ya 29 Aprili 2024 maji yalifagia kijiji cha Kamuchiri, hapo Mai Mahiu, Nakuru nchini Kenya, wakafa watu zaidi ya arobaini usiku mmoja. Habari za mwanzo zote zikasema bwawa limepasuka, na dunia nzima ikaandika bwawa. Baadaye maafisa wa maji Kenya wakaeleza kwamba kilichotokea ni njia ya maji inayopita chini ya tuta la reli iliziba kwa takataka na matope, maji yakajaa nyuma yake, tuta likashindwa. Sasa hizo ni hadithi mbili tofauti kabisa. Ukisema bwawa, wasiokaa karibu na bwawa wote wanalala usingizi. Ukisema njia imeziba, kila mwenye kalavati au daraja juu yake anatoka kwenda kuangalia, na anajua cha kusikiliza ni maji kupungua sauti.

Nirudi nyumbani kidogo. Mi nimekulia Dar, na mafuriko ninayoyajua mi ni ya Desemba 2011, yale yaliyosomba Jangwani na bonde la Msimbazi mpaka serikali ikawahamishia watu Mabwepande. Sikuwa bondeni, ila kuna mama mmoja rafiki wa mama yangu alikuwa anakaa Kigogo, tumemzoea kumuita shangazi japo hatuna undugu, alikuja kwetu na wanae watatu na mfuko wa rambo. Siku ya pili tumekaa jikoni mama akamuuliza, dada maji yaliingiaje? Akasema, "Yaliingia kimya. Nilisikia ndoo zinagongana."

Hakuongeza kitu. Ndoo zinagongana, ko, ko, hivyo hivyo kwa kidole mezani. Yaani maji yalishapanda usawa wa kuelea ndoo mle chumbani wakati yeye kalala kitandani na watoto, mvua inapiga bati, na kilichomuamsha ni vyombo vyake mwenyewe vinatembea gizani. Nimesoma ripoti nyingi za yale mafuriko, milimita ngapi, mvua iliyovunja rekodi tangu mwaka 1954, kaya ngapi, hakuna iliyonifanya nielewe mafuriko ya mjini kama zile ndoo. Kwa sababu sisi tukisema mafuriko tunawaza mto unaunguruma, picha ya kwenye tivii, kumbe neno lenyewe lilishatuambia siku nyingi tukawa hatusikilizi. Fura, furika. Maziwa yakifurika jikoni hayapigi kelele, unashtukia yameshazima moto.

Halafu bati. Hili sijaliona likisemwa na naliona ni kubwa. Nyumba zetu nyingi zina mabati bila dari, na mvua kubwa ikishuka juu ya bati huwezi kusikia hata mtu aliyekaa pembeni yako, mnaongea kwa ishara. Kwa hiyo usiku ule ule ambao sauti ya nje ndiyo ingekuokoa, ndiyo usiku ambao umefungiwa ndani ya ngoma. Ukimwambia mtu wa nyumba ya bati "ukisikia mngurumo toka nje haraka" umemwambia jambo zuri lisilowezekana, ni lazima ushauri wake uwe mwingine, wa kugusa ukuta, wa kuweka mguu chini sakafuni, wa zamu ya mtu kukaa nje barazani. Lakini ili ujue hilo lazima kwanza umuulize alisikia nini, na usipokubali jibu lake kwa sababu lina "ko ko" ndani yake basi ndo hivyo.

Sasa tuje kwenye tahadhari. TMA, yaani Mamlaka ya Hali ya Hewa Tanzania, wana madaraja yao, angalizo, tahadhari, tahadhari kubwa, na rangi zake, njano, chungwa, nyekundu. Sina ugomvi na utabiri, umeboreka sana, kimbunga Hidaya Mei 2024 walikifuatilia hatua kwa hatua mpaka kinafika Mafia, boti za Zanzibar zikasimama, watu wakapona kwa kuambiwa mapema. (Ile ya kimbunga kupewa jina linalomaanisha zawadi nawaachia wenye majina.) Ugomvi wangu ni sentensi. Uwezekano wa kutokea wastani, kiwango cha athari wastani, athari zinazoweza kujitokeza ni baadhi ya makazi kuzungukwa na maji. Makazi kuzungukwa na maji! Hiyo ni hoteli ya kisiwani. Mtu wa Kigogo akisikia hivyo haoni ndoo zake zikitembea, anaona kitu kinachompata mtu mwingine kwa wastani. Kwa nini isisemwe kwamba maji yanaweza kuingia ndani usiku bila sauti, mvua ikiwa inapiga bati hutayasikia, vyombo vikianza kugongana ujue yameshafika magotini? Ni Kiswahili pia hicho, na mtangazaji wa redio angekisoma bila kukwama.

Najua kuna mtu anasema hayo ni mapambo ya washairi. Basi tuangalie Simeulue, kisiwa kidogo cha Indonesia. Mwaka 1907 wimbi la tetemeko liliwaua wengi sana pale. Waliobaki wakaachia watoto wao neno moja, smong, ambalo ndani yake kuna maelekezo yote: ardhi ikitikisika kwa nguvu, bahari ikarudi nyuma, usiende kuokota samaki, panda kilimani. Wakalitia kwenye hadithi za jioni na nyimbo za kubembelezea watoto, vizazi karibu vinne, wengi wao hawajawahi kuona lolote. Tarehe 26 Desemba 2004 tetemeko likapiga karibu nao kuliko mtu mwingine yeyote duniani, watu wakapiga kelele smong, wakapanda. Kisiwa cha watu kama 78,000, waliokufa 7. Bara yao, Aceh, ambako neno hilo halikuwepo, wamekufa watu zaidi ya laki moja. Neno la silabi moja, limesikika vizuri, limehifadhiwa mdomoni. Sisi hilo hilo wimbi lilitufikia huku Afrika Mashariki, likaua watu hata kwenye fukwe zetu, tukabaki na neno sunami, na tunalitumia wapi? Kwenye mpira. Timu imepigwa tano, sunami. Mbunge kaangushwa, sunami. Elinino nayo vilevile, tangu mvua za 1997 na 1998 imekuwa jina la kila kitu kilichozidi, mpaka Oktoba 2023 Rais Ruto aliwaambia Wakenya ile Elinino ya kutisha haitakuwepo, itakuwa mvua nyingi tu, na mwezi uliofuata mafuriko yakaua zaidi ya watu mia moja. Ubishi ulikuwa wa jina wakati mvua haisomi majina.

Tunayo maneno yenye sauti ndani yake lakini tunayatamka kama tunasoma risiti. Tetemeko, litamke polepole, te-te, meno yanagongana. Zilizala, watu wa pwani wanalijua, limetoka kwenye Kiarabu, ndilo lililoipa jina sura ya 99 ya Kurani, na hata asiyejua herufi moja ya Kiarabu akilisikia anahisi kitu kinatikiswa mara mbili. Poromoka, hilo nalo ni mawe matatu yanabingirika. Waganda wenyewe tetemeko wanaliita musisi, na Musisi ni jina la mtu pia, unakutana na bwana Musisi Kampala anauza vipuri, kwa hiyo ardhi ikitikisika ni kama kuna mtu kapita. Bukoba ilipotikisika 10 Septemba 2016, tetemeko la 5.9, watu wakafa na nyumba zikaanguka, magazeti ya Dar yaliandika vipimo vya Rikta kwa wiki nzima. Hivi kuna msomaji aliyepata picha yoyote ichoreke kichwani kwa 5.9? Mi sikupata. Ila dada mmoja wa huko niliyekuwa nafanya naye kazi alisema kilichomuondoa ndani ni glasi za kabatini kuanza kuongea, na nikaelewa papo hapo.

Siku hizi kuna jambo jipya, kwamba sauti yenyewe tunayo kwenye simu. Maafa yakitokea kabla ya mwandishi kufika klipu zimeshazunguka magrupu yote ya Watsapu, na voisi za watu wanaohema. Ungetegemea basi hapo tumepona na mhariri. Wapi. Mtu anachukua klipu ya maji yanafagia nyumba, anazima sauti yake, anabandika biti ya kinanda cha huzuni au kwaya ya mazishi, anaongeza emoji za kulia, anarusha. Anadhani ametuongezea uchungu. Ametunyang'anya ile sekunde ya mtu aliyeshika simu akisema "jamani, jamani, jamani" kwa sauti inayoshuka, na hilo jamani ukilisikiliza vizuri ndiyo neno letu la maafa kuliko gharika, kuliko janga, kuliko yote. Halina maana ya kamusi pale. Mtu yuko peke yake juu ya paa anaita jamaa, anaita watu, anaita yeyote, akiwa anaona kabisa kwamba hakuna anayeweza kufika. Nimeshasikia jamani la namna hiyo kwenye klipu za Msimbazi, Rufiji, Mathare, kila moja lina mkunjo wake na zote nazijua maana yake bila kuambiwa. Halafu unaweka kinanda juu yake, kweli?

Kuna pingamizi moja naliheshimu. Rafiki yangu anayefanya kazi ya ushauri nasaha aliniambia we unataka waandishi wamkalishe mtu aliyefiwa na watoto wawili wamwambie hebu igiza ilivyolia? Hapana, na nilinyamaza kidogo aliponiambia hivyo, maana najua waandishi wetu, wapo watakaofanya hivyo hivyo mbele ya kamera. Wapo manusura ambao mvua ikianza tu juu ya bati wanatoka nje, hawataki kuisikia wala kuisimulia, na kimya chao kiachwe kama kilivyo, hakuna anayewadai. Ninachosema ni kidogo kuliko hivyo. Akiitoa mwenyewe, usiifute. Akisema "ilifanya vuuu halafu gugugu" andika vuuu halafu gugugu, usimsahihishie Kiswahili, hasa ukikumbuka kwamba huko Hanang wengi Kiswahili ni lugha yao ya pili, nyumbani ni Kibarbaigi au Kiiraqw, lugha ambazo hata hazina undugu na Kiswahili wala zenyewe kwa zenyewe, na pengine ile sauti ndiyo sehemu pekee ya maelezo yake ambayo haikupita kwa mkalimani. Na wewe unaitupa hiyo unabaki na "mlima uliporomoka majira ya alfajiri".

Na watunga mitaala nao, kama bado tanakali za sauti zipo, basi ziacheni zikue na mtoto. Darasa la tatu tapwi, sawa, tucheke. Darasa la saba mpe mtoto wa Lushoto kazi ya kwenda kumuuliza babu yake mlima ulilia vipi mwaka ulioporomoka, mto ulinyamaza au uliongezeka, ng'ombe walifanya nini, arudi aandike kwa herufi anazoona zinafaa. Watabishana darasani kama ni "guu" au "ngruu", na huo ubishi ndiyo somo lenyewe.

Yule shangazi wa Kigogo yupo bado, kahamia Mbezi, kiwanja kiko juu kabisa, hata ukifungulia bomba mwezi mzima maji hayawezi kumfikia. Mwaka jana nilipita kumsalimia, mvua za vuli zimeanza anza, nikalala hapo. Usiku nikaamka kwenda chooni nikapiga teke kitu gizani, kikalia ko. Ndoo mbili tupu, kaziweka koridoni sakafuni zimegusana. Taa ikawaka chumbani kwake papo hapo.

"Ni mimi shangazi," nikasema. "Ni mimi tu."

"Haya," akajibu. "Zirudishe zilivyokuwa."